Tone, Kokoto na Bunduki ya Bati: Mhadhara juu ya Kazi ya Fundi wa Trukaji Lubumbashi



Katika filamu ya Baloji iitwayo Augure, iliyotoka mwaka 2023, mambo yote yanaharibika kwa sababu ya pua. Koffi amerudi Kongo kutoka Ubelgiji pamoja na mchumba wake mjamzito. Anampakata mtoto mchanga wa dada yake, pua inavuja, tone la damu linamwangukia mtoto. Basi. Ukoo unanyanyuka, mtoto ananyakuliwa, na yule mgeni aliyekuja kutafuta baraka anageuka kuwa mchawi mbele ya macho ya baba zake wadogo. Filamu hiyo ilipata tuzo ya Sauti Mpya kule Cannes, katika kitengo cha Un Certain Regard, na Ubelgiji ikaipeleka kuiwakilisha kwenye Oscar. Sehemu yake ilipigwa katika mji huu, na mwongozaji wake ni mzaliwa wa hapa, wa mwaka 1978.

Nimeanza na tone hilo kwa sababu linaonyesha kazi yetu ilivyo. Damu ikiwa nyingi, watazamaji watadhani Koffi amepigwa. Ikiwa nyepesi kama chai, watacheka. Ikiwa nzito, haitadondoka kwa wakati, na mtoto mchanga hawezi kuambiwa asubiri. Isitoshe, lazima iwe kitu ambacho mama yake halisi, aliyesimama nyuma ya kamera, angekubali kimguse mwanawe usoni. Aliyeitengeneza damu ya namna hiyo ameamua mambo manne au matano kabla mwongozaji hajasema neno. Watazamaji hawatalijua jina lake. Huyo ndiye ninayetaka kumzungumzia leo: fundi wa trukaji, yule anayetengeneza jeraha, moshi, mlipuko, jini na mvua kwa mikono yake, mbele ya kamera, badala ya kuviongeza baadaye katika kompyuta.

Watu hudhani ustadi wa fundi huyu ni kufanana na kweli. Siafiki. Katika mji kama wetu, ambao umeona risasi za kweli na damu ya kweli, kufanana na kweli ni rahisi mno na mara nyingine ni hatari. Ustadi ni kupima umbali: usogee karibu na kweli kiasi gani, na usimame wapi.

Tuanze kwa jirani. Wakaliga ni mtaa wa watu wa kipato kidogo mjini Kampala, Uganda. Mwaka 2005 mfyatua matofali aitwaye Isaac Nabwana alianzisha hapo Ramon Film Productions, jina lililotokana na majina ya bibi zake wawili, Rachael na Monica. Filamu yake Who Killed Captain Alex? ya mwaka 2010 inasemekana iligharimu chini ya dola 200. Ina makomando, ina kung-fu, ina helikopta zinazolipua mji. Mkiitazama leo mtacheka, na Nabwana hatakasirika. Vicheko vimo katika hesabu yake tangu mwanzo.

Lakini kwa mhadhara huu ninayemtazama zaidi ni Dauda Bisaso. Ni fundi makanika. Bunduki zote za Wakaliga, zile zenye mikanda ya risasi zinazoonekana nzito kuliko wanaozibeba, alizitengeneza yeye kwa vyuma chakavu, mabomba na vipuri vya magari. Hata helikopta aliijenga, ya ukubwa wa kuketi watu, kwa kuchomelea. Haikuruka wala haikutakiwa kuruka. Ilitakiwa ikae uani, kamera isogee karibu, mwigizaji aingie ndani na jasho lake, na nyuma yake kitambaa cha kijani cha sokoni kilichotundikwa ukutani kibadilishwe kuwa anga. Moto unaotoka kwenye mtutu unaongezwa na kompyuta, chuma ni cha Dauda. Mgawanyo huo wa kazi ni wa busara sana, nami nawaomba muukumbuke: kile kinachoshikwa na mwigizaji kitengenezwe kwa mkono, kile kinachoweza kumuua kiachiwe mashine.

Damu ya Wakaliga nayo ina hadithi. Mwanzoni walitumia damu ya ng'ombe, maana ilikuwa rahisi kupatikana na ilikuwa na rangi sahihi kabisa. Mwigizaji mmoja akaugua brusela, ugonjwa unaotoka kwa mifugo. Tangu hapo wakahamia rangi ya chakula. Wanaijaza ndani ya kondomu, wanaifunga kifuani chini ya shati na kuunganisha uzi wa nailoni wa kuvulia samaki. Mwigizaji au mwenzake akiuvuta uzi, kondomu inapasuka, shati linalowa. Hakuna baruti, hakuna waya wa umeme. Hollywood hutumia vilipuzi vidogo vyenye kibali na mtaalamu wake. Wakaliga wanatumia uzi wa mvuvi, na mwigizaji anarudi nyumbani na mbavu zake zote. Mwaka 2022 watu hawa walialikwa Kassel, Ujerumani, kwenye maonyesho ya documenta, mahali ambapo wasanii wengi wenye shahada wanapaota tu.

Sasa mtaniuliza: mbona sisi tusifanye hivyo? Chuma tunacho. Wachomeleaji tunao, kuanzia Katuba hadi Ruashi, na katika mtaa wa Kenya (Kenya yetu, si ile ya Nairobi) unaweza kupata mtu wa kukutengenezea chochote kabla jua halijatua. Tunao wafua shaba na wachonga malakiti ambao mikono yao ina subira kuliko ya daktari wa meno.

Jibu langu ni kwamba bunduki ya bati haina maana moja kila mahali. Machi 2013 wapiganaji wa Kata Katanga waliingia katika mji huu na watu wakafa. Februari 2021 kambi za jeshi za Kimbembe na Kibati zilishambuliwa alfajiri. Askari wa hapa akiona kijana anakatiza barabara ya Kamalondo na kitu chenye umbo la AK, hatasubiri kuuliza kama kuna kamera. Kadiri bunduki yako inavyofanana na ya kweli, ndivyo mwigizaji wako anavyokaribia kupigwa risasi ya kweli. Kwa hiyo kama filamu inaidai, sheria zangu ni ngumu: kibali cha maandishi kutoka komini na polisi, barua hiyo iwe mfukoni mwa mtu aliye mahali pa kazi na siyo ofisini, bunduki isafirishwe ndani ya sanduku lililofungwa, ikiwa vipande, majirani waarifiwe nyumba kwa nyumba, na mtutu uwe umezibwa kwa chuma tangu karakanani. Kuhusu silaha halisi na risasi baridi, jibu ni moja tu: hapana.

Msidhani hofu hiyo ni ya maskini peke yao. Brandon Lee alikufa mwaka 1993 akiigiza The Crow huko North Carolina kwa sababu kichwa cha risasi kilikuwa kimekwama ndani ya mtutu bila mtu kuangalia, na risasi baridi ikakisukuma nje. Tarehe 21 Oktoba 2021, kwenye filamu Rust huko New Mexico, risasi halisi ilikuwa ndani ya bastola iliyodhaniwa salama. Halyna Hutchins, mpiga picha mkuu, akafa. Mwaka 2024 msimamizi wa silaha wa filamu hiyo alihukumiwa kifungo cha miezi 18. Hizo zilikuwa filamu zenye bajeti ambazo sisi hatutaziona. Hazikukosa fedha. Zilikosa mtu mmoja wa kufungua mtutu na kutazama.

Kuna njia nyingine, na imepita hapa hapa kwetu. Frank Mukunday na Trésor Tshibangu, tunayemwita Tétshim, ni vijana wa Lubumbashi waliojifunza wenyewe. Filamu yao fupi Machini ya mwaka 2019 inazungumzia mji huu na migodi yake, na wamewafanya watu kuwa kokoto. Kokoto zile zile mnazozikanyaga. Wanaziweka, wanapiga picha, wanazisogeza kidogo, wanapiga tena. Kwa picha 12 kwa kila sekunde, dakika moja ya filamu ni picha 720, na kabla ya kila picha kuna mkono uliosogeza jiwe. Hakuna damu, hakuna risasi. Hata hivyo, mtu aliyefanya kazi mgodini akiitazama anajua anasemwa yeye. Kama hawa wangejaribu kuonyesha ajali ya mgodi kwa uhalisia wote, wangehitaji shimo, vumbi, maiti za mpira na bajeti ya Wamarekani, na pengine tungefumba macho. Kwa kokoto, hatufumbi.

Ndugu zetu wa Rwanda wamefanya jambo la aina hiyo kwa njia ya mavazi. Neptune Frost ya Saul Williams na Anisia Uzeyman, iliyoonyeshwa Cannes mwaka 2021, inaanzia kwenye machimbo ya koltani. Mavazi na mandhari yake yalitengenezwa na Cedric Mizero, Mnyarwanda, kwa nyaya, vitufe na matumbo ya kompyuta zilizokufa. Madini yanatoka ardhini kwetu, yanakwenda kuwa kompyuta, yanarudi kama takataka, na fundi anamvika nayo mwigizaji. Hapo vazi limebeba hoja nzima ya filamu, tena bila hotuba.

Wala msidhani mji wetu ulianza juzi. Tshibumba Kanda Matulu alichora historia ya Kongo kwa picha 101 hapa Lubumbashi katika miaka ya 1973 na 1974, na hakuhitaji uhalisia ili tuamini. Alihitaji kujua aweke nini na aache nini. Kundi la Mufwankolo lilikuwa likiigiza kwa Kiswahili chetu kwenye televisheni, na mwaka 1986 lilikwenda kijijini Kawama kurekodi mchezo wake wazi wazi kati ya nyumba za watu. Vazi moja la chifu, kigoda, fimbo, na watazamaji wote walijua mamlaka imeingia. Hiyo nayo ni trukaji, ingawa wenyewe wasingeiita hivyo.

Hapa niguse jambo zito kidogo. Patrice Lumumba na wenzake wawili waliuawa tarehe 17 Januari 1961 huko Shilatembo, mwendo mfupi kwa gari kutoka hapa tulipo. Raoul Peck alipotengeneza filamu yake Lumumba, iliyotoka mwaka 2000, hakuipigia Katanga. Aliipigia Zimbabwe na Msumbiji. Na alichagua kuonyesha jinsi miili ilivyofukuliwa na kukatwa ili isibaki alama. Kuna mtu aliyetengeneza miili ile. Nimeitazama sehemu hiyo kwa jicho la fundi, na kinachonivutia ni kwamba giza, msumeno na nyuso za Wabelgiji wawili walevi wanaoifanya kazi hiyo vimebeba uzito kuliko nyama yenyewe. Fundi alifanya kazi yake, kisha kamera ikaiheshimu kwa kutoikodolea macho. Juni 2022 jino la Lumumba, kitu pekee kilichosalia, lilirudishwa na Ubelgiji na kupitishwa Shilatembo kabla ya kuzikwa Kinshasa. Siku moja mmoja wenu ataombwa kutengeneza jino hilo kwa ajili ya filamu. Namshauri alitengeneze vizuri, halafu amwombe mwongozaji aonyeshe sanduku.

Tom Savini, Mmarekani aliyetengeneza majeraha ya Dawn of the Dead mwaka 1978, alikuwa mpiga picha wa jeshi Vietnam. Alikwishaona miili halisi, na amesema kwamba alipoitazama kupitia lensi aliweza kuifikiria kama kazi ya trukaji. Sisi tunao wengi waliomwona maiti kabla ya kumwona mwalimu. Mwanafunzi anayekuja karakanani akiwa na kumbukumbu za namna hiyo asisukumwe aanze na maiti. Aanze na moshi.

Basi niingie jikoni, maana najua wengine mmekuja kwa ajili ya hili.

Damu: chemsha sukari na maji mpaka inate kidogo kwenye kijiko, tia rangi nyekundu ya chakula, kisha tone la buluu au kijani ili isiwe kama soda, na kakao kidogo iipe uzito. Asali ni nzuri lakini inaita nyuki, na nimeona kazi nzima ikisimama kwa ajili hiyo. Ijaribu mbele ya kamera ile ile na taa ile ile. Damu inayopendeza juani inaweza kubadilika rangi chini ya taa ya balbu. Ikitumika kinywani, chungu kiwe cha jikoni, siyo kile cha rangi.

Kioo cha kuvunjika: ni sukari iliyopikwa mpaka ikakauka kama peremende, ikamiminwa kwenye bati. Hapa Lubumbashi kina msimu wake. Kati ya Mei na Septemba, hewa ikiwa kavu, kitakaa siku nzima na kitavunjika kwa mlio mzuri. Mvua zikianza, kinanyonya unyevu, kinanata, na mwigizaji anayerushwa dirishani anatoka amevaa dirisha. Kama mwongozaji ameandika ugomvi wa baa kwenye mwezi wa Desemba, mwambie mapema abadilishe tarehe au abadilishe ugomvi.

Ngozi ya bandia: gelatini, gliserini na maji. Inafaa sana asubuhi za Juni ambapo hapa kwetu, mita 1,200 juu ya bahari, watu huvaa makoti. Mwezi wa Oktoba, jua la saa sita linaiyeyusha na jeraha linateleza hadi kidevuni. Piga picha za majeraha alfajiri. Tena muulize mwigizaji dini yake kabla ya kumpaka: gelatini nyingine hutoka kwa nguruwe, na Mwislamu ana haki ya kuambiwa kabla, siyo baada.

Vumbi: hapa ninasihi. Kila mwaka kuna kijana mwenye akili anayekuja na wazo la kuchota udongo wa kwenye lundo la takataka za kiwanda, pale chini ya bomba refu la moshi la kampuni ya migodi ya Gécamines, kwa sababu rangi yake inapendeza kwenye kamera. Usichote. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Lubumbashi pamoja na wenzao wa Leuven wamepima watu wa eneo la migodi kwa miaka mingi; utafiti wao wa Kasulo, Kolwezi, uliochapishwa mwaka 2018, ulikuta kobalti nyingi mno katika mikojo ya wakazi, watoto wakiwa na nyingi kuliko wakubwa. Na wewe unataka kulipeperusha vumbi hilo kwa feni mbele ya uso wa mwigizaji mara kumi? Saruji pia usitumie, inachoma macho. Chukua unga wa muhogo, uchanganye na kakao na makaa yaliyosagwa vizuri kidogo sana, upulizie kwa bomba la baiskeli. Na usivute sigara karibu yake, kwa sababu unga ukiwa hewani unashika moto.

Je, kazi hii inalisha? Kwa filamu huru peke yake, hapa kwetu, hapana. Georges Méliès, aliyeanzisha sehemu kubwa ya hila hizi na kupeleka chombo mwezini mwaka 1902, uzeeni alifikia kuuza vitu vya kuchezea watoto kwenye kituo cha treni cha Montparnasse jijini Paris, baada ya kuchoma kanda zake mwenyewe. Kipaji hakikumlinda kwa sababu soko la filamu zake lilikwisha kabla yake. Wakaliga waliligeuza soko kuwa miguu: waigizaji walipita nyumba kwa nyumba wakiuza DVD, na kila mmoja akabaki na nusu ya bei. Siyo mshahara, lakini ni hesabu ambayo kila mtu aliielewa.

Anayeishi kwa ufundi huu hapa anaishi kwa mambo mengi: video za muziki, matangazo, michezo ya makanisa (mashetani wanahitajika sana wakati wa Pasaka, na wanalipa vizuri kuliko malaika), vipindi vya afya vya mashirika. Na kuna soko ambalo wachache wamelifikiria. Watu wanaofundishwa huduma ya kwanza, iwe hospitalini, Msalaba Mwekundu au katika vikosi vya uokoaji vya migodini, wanahitaji majeruhi wa kuigiza: mfupa uliotokeza, ngozi iliyoungua, damu inayotoka kwa mapigo. Mwuguzi anayejifunza juu ya jeraha la gelatini hatatetemeka akikutana na lenyewe. Katika nchi nyingi fundi wa trukaji hulipwa kwa kazi hiyo, na mji wa migodi kama huu una sababu zaidi ya kumlipa. Kwa kazi hii, na kwa hii tu, sogea karibu na kweli kadiri uwezavyo.

Mwisho ni karatasi. Wageni wanakuja hapa kupiga filamu, nasi tunafurahi. Wanakuita msaidizi, wanakulipa kwa siku, halafu kwenye jeneriki, ile orodha ya majina ya mwisho wa filamu, jina lako halimo. Andika mkataba kabla ya kuchemsha sukari. Uandike jina lako litakavyoonekana, herufi kwa herufi, na kazi yako itakavyoitwa. Andika nani ananunua vifaa, na baada ya kazi vinabaki kwa nani, kwa sababu bunduki ya bati isiyo na mwenyewe itaishia mikononi mwa kijana wa barabarani. Andika idadi ya mashati: onyesho la damu ni mashati matatu yanayofanana, hata kama mwongozaji anaapa kwamba atapiga mara moja tu. Atapiga mara nne. Na andika nani anaosha uwanja. Sukari ikikauka kwenye sakafu ya mwenye nyumba na sisimizi wakaja, mwaka ujao hatatupa nyumba yake, na yeye hamdai mwongozaji aliyekwishapanda ndege. Anakudai wewe, jirani yake.

Sasa nayapokea maswali, tukianza na mafundi wa kuchomelea, maana naona wamekwishanyoosha mikono.